Washirazi walipofika Kilwa, walikuta msikiti

Nimeisikia tena wiki hii, na safari hii aliyeisema ni mwalimu wa historia: "Magofu ya Kilwa na Gedi si yalijengwa na Waarabu, wakatawala, kisha wakaondoka?" Waongoza watalii wanaisema. Wanafunzi wanafika chuo kikuu nayo. Hata watu ambao bibi zao wamezikwa hatua chache kutoka kwenye kuta zenyewe wanaisema, na hilo ndilo linaloniuma zaidi. Nimechoka kuijibu kwa sentensi mbili nikiwa nimesimama juani, kwa hiyo leo naijibu kwa kirefu.

Nianze na hati ambayo watetezi wa hoja hiyo huitaja bila kuwa wameisoma, yaani Tarikhi ya Kilwa. Tunayo katika sura mbili. Moja ni ya Kiarabu, iliyotungwa mwanzoni mwa karne ya 16, na nyingine ni muhtasari ambao Mreno João de Barros aliutia katika kitabu chake cha 1552. Kisa mnakijua: sultani wa Shiraz, wanawe, majahazi saba, kila moja likatia nanga mahali pake, na moja likaja Kilwa. Wengi huishia hapo. Tafadhali someni mistari michache zaidi. Nakala ya Kiarabu inasema waliposhuka walimkuta kisiwani Mwislamu mmoja na watoto wake, aliyeitwa Muriri wa Bari, na walikuta msikiti. Mtawala wa kisiwa, ambaye hakuwa Mwislamu, alikuwa amekwenda kuwinda. Aliporudi, wageni wakanunua kisiwa kwa nguo.

Kwa hiyo hati ile ile inayodaiwa kuthibitisha kwamba wageni ndio waliouleta mji inatuambia kwamba walikuta watu, walikuta mtawala mwenye haki ya kuuza, na walikuta pa kuswalia. De Barros anaongeza kwamba Ali, mwana aliyekuja Kilwa, mama yake alikuwa mtumwa wa Kihabeshi, na kwamba ndugu zake waliozaliwa na mama wa Kiajemi walimdharau kwa sababu hiyo. Simulizi ya Kiswahili iliyoandikwa baadaye inamtaja mwenyeji kwa jina la Mrimba, na inasema mgeni alimwoa binti yake. Siichukulii tarikhi kama rekodi ya matukio. Ni hati ya ikulu, iliyotungwa ili watawala waonekane wana nasaba. Lakini hata ikulu, pamoja na sababu zake zote za kujikweza, haikuthubutu kusema kisiwa kilikuwa kitupu.

Basi fikra hii ilipata wapi nguvu? Kwa kiasi kikubwa kwa waanzilishi wa fani yangu, akiolojia. Hapa nataka kuwa mwangalifu, maana siku hizi wapo vijana wanaowabeza watu hawa bila kufungua ripoti zao. James Kirkman alianza Gedi, pwani ya Kenya, mwaka 1948, kuta zikiwa zimemezwa na msitu, akachimba pale kwa takriban miaka kumi. Neville Chittick alikuja Tanganyika mwaka 1957 kuwa mhifadhi wa mambo ya kale, kisha akaiongoza taasisi ya utafiti ya Uingereza katika Afrika Mashariki na kuchimba Kilwa katika miaka ya 1960. Majuzuu yake mawili ya 1974 hayatoki mezani kwangu. Anayechimba Kilwa leo anaanza na michoro ya tabaka aliyoichora yeye. Nawaheshimu kwa dhati.

Lakini tazameni walichochagua kuchimba. Misikiti, makasri, makaburi ya nguzo: vitu vya mawe vilivyosimama juu ya ardhi. Na tazameni walichotumia kupimia umri. Zamani hizo kipimo cha kaboni, kinachokadiria umri wa mkaa na mifupa, kilikuwa kichanga na ghali, kwa hiyo kigae chenye tarehe kilikuwa kile cha ng'ambo: cha China au cha Ghuba ya Uajemi, ambacho umri wake ulikwisha julikana huko kilikotoka. Mwanaakiolojia Mwingereza Mortimer Wheeler alipopita Tanganyika mwaka 1955, alisema historia ya nchi hii iliyofukiwa tangu karne ya 10 imeandikwa kwa kauri za China. Kama mbinu ya kukadiria tarehe, alikuwa na hoja. Ila mbinu ikageuka kuwa mtazamo. Kigae kinachotoa tarehe kilipigwa picha, kikachorwa, kikapewa sura nzima ya kitabu. Kile cha udongo wa hapa kikaingizwa kwenye fungu ambalo Chittick aliliita vyombo vya jikoni.

Jina hilo linanikera kuliko jambo jingine lolote katika fani hii, na naomba mnivumilie niseme kwa nini. Ukimwaga kapu la vigae vya karne ya 8 au ya 9 juu ya turubai, ukavisafisha kwa mswaki na kuvipanga, mahali pengi vya ng'ambo havifiki 5 katika kila 100. Vilivyobaki vyote ni vyungu vya hapa. Chukua kimoja cha shingo ukipapase: mfinyanzi amechora mstari kuzunguka shingo, chini yake pembetatu zilizopangana, ndani ya kila pembetatu mikwaruzo ya ulalo aliyoichora udongo ukiwa bado mbichi. Kwa nje kuna masizi. Ndiyo, kilipikiwa. Lakini ukikiita cha jikoni umekwisha amua jambo kabla ya kuchimba: umeamua kwamba mji ni wa wenye kauri na kwamba mwenye chungu ni mke au mtumishi wao. Asilimia 95 ya ushahidi umeipeleka jikoni na kufunga mlango.

Mlango huo ulifunguliwa na watu waliofuata vyungu hadi nje ya miji. George Abungu alifanya utafiti kando ya Mto Tana na kuumalizia Cambridge mwaka 1989. Felix Chami alifanya hivyo pwani ya Tanzania na tasnifu yake ikatoka Uppsala mwaka 1994. Chungu kile kile cha pembetatu kipo pwani ya Somalia, kipo Msumbiji, kipo Komoro, na kipo Dakawa kule Morogoro, zaidi ya kilomita 150 kutoka baharini, pamoja na mavi ya chuma, yaani taka za kuyeyusha chuma, ya wahunzi. Kama wafinyanzi hawa walikuwa wake wa walowezi wa Ghuba, walowezi hao walikuwa wakifanya nini Dakawa? Chungu hiki ni cha wakulima, wavuvi na wahunzi waliokuwa wameenea nchi nzima ya pwani na nyuma yake. Baadhi yao waliishi penye bandari nzuri, na bandari ndizo zilizokua. Lugha inasema vivyo hivyo: Kiswahili, Kimijikenda, Kipokomo na Kikomoro ni ndugu wa tumbo moja, na wanaisimu walikwisha maliza ubishi huo zamani.

Kisha kuna Shanga, kisiwani Pate, alikochimba Mark Horton katika miaka ya 1980. Ningependa kila mwalimu wa historia aione michoro yake walau mara moja. Alishuka chini ya msikiti wa Ijumaa wa mawe. Chini yake akakuta msikiti mwingine, na chini yake mwingine, hadi mawe yakaisha na msikiti ukaendelea bila mawe. Jengo la miti halionekani kama ukuta. Linaonekana kama madoa: mviringo mweusi kwenye mchanga mweupe, kisha mwingine hatua moja mbele, kisha mwingine, pale nguzo zilipooza na udongo mweusi ukajaza nafasi yake. Mfanyakazi mwenye haraka anayapitia kwa jembe asijue. Wa chini kabisa ni wa karne ya 8, mdogo, katikati ya kijiji cha nyumba za udongo na miti. Watu walijenga upya mahali pale pale, kizazi baada ya kizazi, na mawe yalipokuja katika karne ya 10 yalikalia nyayo za miti.

Mkinieleza kwamba ufundi wa kujenga kwa matumbawe ulichochewa na watu wa Bahari ya Shamu au Ghuba, sitabishana nanyi. Jiwe hilo hukatwa chini ya maji likiwa laini, likakauka na kuwa gumu, na huenda fundi wa kwanza aliyelikata hapa alijifunzia kwingine. Husuni Kubwa, kasri la Kilwa la karne ya 14, pamoja na birika lake la pembe nane, ni ya mtawala aliyejua makasri ya ng'ambo yakoje na akataka lake. Hilo ni sawa. Lakini ingieni katika nyumba ya kawaida ya mawe mpime chumba: ni kirefu na chembamba, upana wake ni kama mita tatu au chini yake, hata kwa tajiri. Sababu ni boriti. Dari imebebwa na mkoko, na mkoko ulionyooka haukupi zaidi ya hapo. Nyumba ilipimwa kwa mti wa hapa. Alipofika msafiri Ibn Battuta wa Moroko mwaka 1331, aliwaona wakazi wengi wa Kilwa kuwa Wazanji, yaani watu weusi wa pwani hii, weusi sana, wenye chale usoni. Hakutaja mji wa Waarabu wenye watumishi.

Sasa nije kwenye upande ambao wenzangu wengi hawaupendi.

Kizazi cha wanaakiolojia wa miaka ya 1980 na 1990, katika kumjibu Kirkman na kitabu chake cha 1954 alichokipa jina la Mji wa Kiarabu wa Gedi, kilisukuma hoja hadi ukingoni. Washirazi wakawa ngano tupu, nasaba ya kubuni ya matajiri waliotaka heshima. Niliyasoma hayo na sikuridhika nayo kamwe. Chittick mwenyewe, katika makala yake ya 1965, alikuwa na msimamo wenye tahadhari kuliko wanavyomnukuu: alisogeza utawala wa Washirazi Kilwa hadi mwishoni mwa karne ya 12, na akaona walitoka pwani ya Banadir, Somalia, si moja kwa moja Uajemi. Kisha mwaka 1984 likapatikana fungu la sarafu Mtambwe Mkuu, Pemba, zaidi ya sarafu 2,000, zikiwamo zenye jina la Ali bin al-Hasan, pamoja na dinari za dhahabu ambazo ya karibuni zaidi ni ya karne ya 11. Kama Ali huyo ndiye yule wa tarikhi, Chittick alichelewesha mambo kwa zaidi ya karne. Kama siye, tuna watu wawili wenye jina moja. Mimi naegemea upande wa kwanza, lakini siwezi kuapa.

Halafu mwaka 2023 ikatoka katika jarida la Nature kazi ya vinasaba vya watu 80 wa kale, wengi wao kutoka miji ya pwani kama Mtwapa, Manda na Kilwa, Chapurukha Kusimba akiwa mmoja wa waliokuwa mbele katika kazi hiyo. Nilipigiwa simu na watu waliofurahi: "Umeona? Waajemi!" Nimeona. Nyinyi mmeona nusu. Kuchanganyika kulianza kufikia takriban mwaka 1000. Asili ya Asia, ambayo mwanzoni ilikuwa zaidi ya Uajemi, ililetwa hasa na wanaume. Asili ya Afrika, ambayo kwa wengi ni zaidi ya nusu, ilitoka hasa kwa wanawake. Asili ya Uarabuni inaongezeka baada ya takriban 1500. Sasa linganisheni na Shanga: msikiti wa miti ulikuwapo zaidi ya karne mbili kabla ya mwaka 1000. Wageni walioa katika miji iliyokwisha simama.

Na walioa kwa masharti ya nani? Lamu kwa desturi baba humjengea binti nyumba, na bwana harusi ndiye anayehamia. Kama desturi hiyo ni ya kale kiasi hicho, na hili ni dhana yangu, inaeleza mambo matatu kwa pamoja: kwa nini damu ya baba ni ya Uajemi, kwa nini lugha ni ya mama, na kwa nini vyungu havikubadilika. Mume alikuja na jina, mtaji na marafiki wa ng'ambo. Nyumba, shamba na ukoo aliyakuta.

Shaka zangu ni hizi. Mifupa mingi iliyopimwa imetoka kwenye makaburi ya wenye hadhi, karibu na misikiti ya mawe. Haiwezi kuwasemea watu wa mitaa ya udongo, ambao ndio waliokuwa wengi. Manda, mji wa kale karibu na Lamu, nayo inanisumbua: vigae vya ng'ambo ni vingi kupita kiasi, na Chittick alihitimisha kwamba ilianzishwa na walowezi kutoka Ghuba. Nadhani alikosea, ila anayedai kwamba ameimaliza hoja ya Manda kwa aya moja hajakaa nayo vya kutosha. Na hakuna aliyenieleza kwa kuridhisha kwa nini watu wachache wa Shanga waliingia Uislamu mapema vile, karne kadhaa kabla ya nasaba nyingi za Kishirazi kutajwa popote.

Majibu ya maswali hayo hayatatoka kwenye kuta. Yatatoka kwenye nyasi zilizo kati ya kuta, pale ambapo mgeni huvuka haraka kwenda kupiga picha mihrabu. Songo Mnara, kisiwa jirani na Kilwa, tayari wamechimba nafasi hizo na kukuta sakafu na nyumba za udongo. Gedi, ndani ya ukuta wa nje, kuna hekta 18, na sehemu kubwa haina jengo la mawe hata moja. Ningepewa fedha za msimu mmoja tu, ningeanzia huko.