Duka la mizaha Lamu: ya barazani na ukweli wake

Binamu yangu anataka kukodi chumba kimoja Usita wa Mui, njia kuu ya mji wa Lamu, auze mizaha: nyoka wa mpira, vifuko vya kujamba, masanduku yanayodonoa vidole. Tangu alitamke hilo barazani hapumui, maana kila apitaye ana lake. Nimeyachambua yanayojirudia.

"Kile kidude cha kupeana mkono kina umeme. Kitaua mzee wa watu."

Hiki ndicho kinachotisha kuliko vyote, na umeme hakina hata chembe. Hakina betri. Ndani mna kamani, kama ya saa ya kutia ufunguo. Unaizungusha mpaka ikaze, unakivaa kidoleni kama pete, kitufe kikikaa kiganjani. Mkono wa mwenzio ukikibonyeza, kamani inajifungua kwa kasi, kidude kinatetema na kukoroma. Kinachomrusha mtu ni dhana yake mwenyewe. Aliyekibuni, mwaka 1928, ni Soren Sorensen Adams, mzaliwa wa Denmark aliyefanya biashara Marekani. Hataza, yaani hati ya kumiliki ubunifu huo, akaipata 1932. Kwa Lamu adui wa kidude hiki ni hewa ya chumvi. Changu nilikisahau dirishani upande wa bahari, mwezi haukuisha kikaganda kwa kutu. Kitiwe tone la mafuta ya cherehani na kifungiwe kwenye kopo.

"Unga wa chafya haudhuru, ni mchezo tu."

Unadhuru, na binamu keshaufuta kwenye orodha. Adams huyohuyo alianzia biashara yake hapo, mwanzoni mwa karne iliyopita, kwa unga uliotokana na lami ya makaa ya mawe. Baadaye Marekani iliupiga marufuku kwa sababu ya kemikali ya dianisidine iliyokuwamo. Na wanaosema "basi tutie pilipili manga" niwaulize kama imewahi kuwaingia jichoni.

"Kitu kidogo hakina hatari kwa mtoto."

Kinyume chake. Betri bapa za duara, zile za ukubwa wa kifungo, zikikwama kooni zinaweza kuunguza nyama ya ndani kwa muda wa saa mbili. Kwa hiyo nyoka mwenye macho ya kuwaka atazamwe tumboni kwanza: kifuniko cha betri kikiwa hakifungwi kwa skrubu, arudishwe alikotoka. Vipande vya puto lililopasuka navyo huziba pumzi.

"Mali yote lazima itoke Uchina."

Nyingine ndiyo, na hiyo itafutwe stika ya KEBS, shirika la viwango la Kenya, kabla ya kulipiwa. Lakini mji huu una mafundi wa milango ya nakshi. Hawashindwi na kisanduku chenye kifuniko cha kuteleza, ukikivuta nge wa bati akachomoza. Na ndara zinazoletwa na maji ufukweni? Flipflopi, dau lililoundwa hapahapa Lamu kwa taka za plastiki na kuvikwa vipande vya ndara zipatazo 30,000, lilisafiri mpaka Unguja mwaka 2019. Atakayekata kambare wa ndara wa kumwekea mkewe ndooni hahitaji kontena.

"Wanunuzi ni watalii."

Hao wa kaskazi. Kusi ikivuma mwenye nyumba bado anataka kodi yake. Duka litaishi kwa wenyeji, na kwa wageni wa Maulidi wanaokuja kutazama mashindano ya punda na madau.

"Mizaha hii ni ya Wazungu, kwetu ni utovu wa adabu."

Hapa wanachanganya mambo mawili. Utani kwetu ni wa zamani, ila una wenyewe. Babu humwita mjukuu mkewe na hakuna anayeshangaa, shemeji hutaniwa, mkwe hagusiki. Na wasiwasi wa adabu si wetu peke yetu. Kiwanda cha mpira cha Toronto kilipompelekea Adams kifuko cha kujamba, yeye, mfalme wa mizaha, alikikataa akisema ni cha aibu. Wengine wakakichukua, kikauzwa kwa wingi, naye baadaye akalazimika kutoa cha kwake.

Cha binamu tulikijaribu Alhamisi, baada ya Alasiri. Alikisokomeza chini ya mkeka barazani, pale anapokaa ami. Ami akaja na kikombe chake cha kahawa, akaketi. Kifuko kikalia, kirefu, na mwishoni kikavuta kidogo kama swali. Watu wote wakatazama chini. Ami hakuinuka. Alimgeukia paka aliyelala pembeni akamtazama kwa masikitiko.

"Huyu naye kala nini leo?"

Baraza likavunjika kwa kicheko. Binamu akachomoa kifuko, akaomba radhi, akambusu mkono. Ami akakipokea, akakigeuzageuza, akakipuliza mwenyewe mara mbili kukijaribu.

"Hiki bei gani?"

"Ami, wewe nakupa bure."

"Sitaki bure. Nataka viwili. Shemeji zangu wa Matondoni wanakuja Ijumaa."