Rangi nyeupe na bomu: filamu za usafi wa nyumbani Marekani baada ya vita

Dhana: Baba na tai yake mezani, mama na aproni isiyo na doa, watoto wametulia. Hivyo ndivyo familia za Marekani zilivyoishi miaka ya 1950.

Ukweli: Hivyo ndivyo zilivyoambiwa ziishi. Picha hiyo inatoka katika filamu fupi za mafunzo za wakati huo; filamu hizo, kama zile za kampuni ya Coronet ya Illinois, zilikuwa masomo ya darasani, na waliomo wanaigiza. Mwaka 1950, takriban mwanamke mmoja kati ya watatu alikuwa katika soko la ajira, lakini mama anayerudi jioni kutoka kazini huonekana kwa nadra. Familia za Weusi karibu hazimo kabisa.

Dhana: Mashine za kufulia zilimpumzisha mama.

Ukweli: Mwaka 1974 mtafiti Joann Vanek alionyesha kwamba mama wa nyumbani asiye na ajira alitumia saa 52 hivi kwa wiki kwa kazi za nyumba miaka ya 1920, na saa 55 miaka ya 1960. Kufua kulipokuwa rahisi, nguo zilifuliwa mara nyingi zaidi.

Dhana: Nyumba safi, iliyopakwa rangi, huokoka bomu la nyuklia.

Ukweli: Hili lilisemwa waziwazi mwaka 1954, katika filamu *The House in the Middle*. Vijumba vitatu vimepangwa jangwani Nevada. Cha kulia kimezungukwa na takataka, cha kushoto mbao zake zimechakaa, cha katikati ni cheupe na nadhifu. Bomu linalipuka, viwili vinateketea, cha katikati kinabaki. Jaribio lenyewe halikuwa la uongo: rangi nyeupe hurudisha sehemu ya joto, na karatasi kavu hushika moto upesi. Ila filamu ilitoka kwa ofisi ya kampeni ya usafi iliyoendeshwa na chama cha watengenezaji rangi, kwa msaada wa idara ya serikali ya ulinzi wa raia. Nami naona uchungu kwamba hofu ya mama kwa wanawe iligeuzwa sababu ya kununua kopo la rangi.

Zaidi ya hayo, filamu hiyo ilipima joto peke yake. Mwaka mmoja kabla, Machi 1953, katika jangwa hilohilo, nyumba kamili ya ghorofa mbili iliwekwa kama kilomita moja kutoka kwenye mlipuko. Nayo ilikuwa imepakwa rangi nyeupe. Joto liliichoma juujuu tu. Kisha wimbi la mlipuko likafika, na ndani ya sekunde tatu ilikuwa rundo la mbao.