Marie Juchacz, mshonaji aliyeingia bungeni: dhana potofu na ukweli

Dhana: Mwanamke wa kwanza kuhutubia Bunge la Ujerumani ni Clara Zetkin.

Zetkin alifungua kikao cha Reichstag tarehe 30 Agosti 1932 kwa sababu ndiye aliyewazidi wabunge wote umri. Juchacz alikuwa ameshazungumza tarehe 19 Februari 1919, tena si Berlin. Mji mkuu ulikuwa na machafuko, hivyo Bunge la Katiba likakutana Weimar, katika jumba la maonyesho. Wanawake waliochaguliwa walikuwa 37. Alipoanza kwa kuwasalimu "mabwana na mabibi", ukumbi ulicheka. Kumbukumbu rasmi za kikao zimeandika hivyo.

Wala wawili hao hawakuwa kambi moja. Chama chao cha kisoshalisti, SPD, kilipogawanyika kwa sababu ya Vita vya Kwanza vya Dunia, Zetkin aliondolewa kwenye uhariri wa gazeti la wanawake, *Die Gleichheit*, mwaka 1917, na Juchacz ndiye aliyekabidhiwa.

Dhana: Bunge hilo ndilo lililowapa wanawake kura.

Litawapaje, ilhali lenyewe lilichaguliwa kwa kura zao? Serikali ya mapinduzi yaliyomwondoa Kaisari ilitangaza haki hiyo tarehe 12 Novemba 1918, kwa kila mwenye miaka 20 au zaidi, na uchaguzi ukafanyika tarehe 19 Januari 1919. SPD ilikuwa ikiidai tangu programu iliyoipitisha mjini Erfurt mwaka 1891. Juchacz aligoma kutoa shukrani: alisema serikali imewapa wanawake kile walichokuwa wamenyimwa bila haki.

Dhana: Alikuwa msomi aliyewasemea maskini.

Alizaliwa mwaka 1879 Landsberg an der Warthe, mji ambao leo ni Gorzów Wielkopolski, Poland. Baba yake alikuwa seremala. Masomo yake yaliishia shule ya msingi. Akafanya kazi za ndani, kiwandani, kisha akahudumia wagonjwa wa akili kabla ya kujifunza kushona. Ndoa yake na fundi cherehani ilivunjika, na mwaka 1906 akahamia Berlin na watoto wawili na mdogo wake, Elisabeth. Riziki ilitoka kwenye cherehani.

Wengi humwandika kama mwanachama wa SPD tangu siku hizo. Haikuwezekana. Sheria ya Prussia, dola ya Ujerumani iliyokuwa na Berlin, iliwazuia wanawake kujiunga na vyama vya siasa hadi Mei 1908, kwa hiyo walikutana katika vyama vya elimu ya wanawake na wasichana. Alijiunga mara tu mlango ulipofunguliwa. Elisabeth naye alichaguliwa kuingia Bunge la Katiba mwaka 1919.

Dhana: Arbeiterwohlfahrt (AWO), shirika la ustawi wa wafanyakazi, ilikuwa ya kugawa sadaka.

Aliianzisha tarehe 13 Desemba 1919 ili kupinga fikra hiyohiyo: msaada ni haki ya mfanyakazi, si hisani ya tajiri. Kulikuwa na vyumba vya kushonea, chakula cha mchana na ushauri. Mwaka 1928 ikafungua shule ya maofisa ustawi mjini Berlin.

Dhana: Wanazi waliposhika madaraka alikimbilia Marekani moja kwa moja.

Alianzia Saar, eneo la mpakani lililokuwa bado nje ya utawala wa Ujerumani, akawapikia wakimbizi wenzake Saarbrücken. Saar ilipopigia kura kurudi Ujerumani mwaka 1935, akaingia Ufaransa. Mwaka 1941 alipitia Martinique hadi New York, akiwa na miaka 62.

Dhana: Alishiriki kuandika katiba ya 1949.

Wanawake waliokuwa kwenye baraza lililoiandika katiba hiyo mjini Bonn ni Elisabeth Selbert, Friederike Nadig, Helene Weber na Helene Wessel. Baraza lilipoanza Septemba 1948, Juchacz alikuwa bado Marekani. Alirudi mwaka 1949, akawa mwenyekiti wa heshima wa AWO hadi alipofariki Düsseldorf, tarehe 28 Januari 1956.