Kwa nini mwalimu wa Marekani akihama jimbo pensheni yake hupungua?

Mwalimu wa Tanzania akihamishwa kutoka Mtwara kwenda Mwanza atahangaikia mizigo, nyumba na shule ya watoto. Pensheni haimnyimi usingizi: mfuko ni uleule, PSSSF, na miaka yake ya utumishi inaendelea kuhesabiwa. Marekani si hivyo. Mwalimu wa shule ya umma akitoka Illinois kwenda kufundisha jimbo jirani la Indiana, mfuko wa Illinois unamhesabu kuwa ameacha kazi, na ule wa Indiana unampokea kama mgeni.

Sababu ni kwamba mwajiri amebadilika. Kila jimbo lina serikali yake, bunge lake na sheria yake ya pensheni, na hakuna sheria ya taifa inayoyalazimisha majimbo kutambua miaka ya utumishi ya mahali pengine. Sheria kubwa ya kulinda pensheni, ERISA, ilitungwa mwaka 1974, baada ya wafanyakazi wengi wa kiwanda cha magari cha Studebaker mjini South Bend kupoteza mafao kiwanda kilipofungwa mwishoni mwa 1963. Lakini sheria hiyo ni ya sekta binafsi. Mifuko ya serikali iliachwa nje.

Hasara yenyewe imejificha kwenye kikokotoo. Mifuko mingi ya walimu inazidisha vitu vitatu: miaka ya utumishi, asilimia fulani, na wastani wa mshahara wa miaka ya mwisho. Tuchukue mfano wa asilimia 2. Aliyefundisha miaka 30 jimbo moja, akamaliza na wastani wa dola 80,000, anapata dola 48,000 kwa mwaka. Mwenzake alifundisha miaka 15 hapa na 15 kule, mishahara ikiwa ileile. Alipoondoka jimbo la kwanza, wastani wake ulikuwa dola 45,000, kwa hiyo huko atalipwa 13,500. Jimbo la pili litampa 24,000. Jumla ni 37,500.

Miaka 30 ya chaki kwa wote wawili, na mmoja anakosa dola 10,500 kila mwaka mpaka mwisho wa maisha yake. Hakuna aliyemwibia. Ni kwamba mshahara wa jimbo la kwanza uliganda siku aliyoondoka, na kwa kawaida haupandishwi kufuata gharama za maisha, hata kama atasubiri miaka 15 kabla ya kulipwa senti ya kwanza. Mimi naona hapa ndipo penye uonevu mkubwa kuliko kwingine kote, maana mtu haoni kitu kinachoondoka.

Na huyo ana nafuu, kwa sababu alikuwa ameshafikisha miaka ya kustahili pensheni. California inataka miaka 5. Illinois, kwa walioanza kazi tangu Januari 2011, inataka 10, na Massachusetts vilevile. Ukiondoka kabla ya hapo unarudishiwa michango yako mwenyewe, na fedha za mwajiri zinabaki kwenye mfuko wa jimbo.

Majimbo mengi yanamruhusu mgeni kununua miaka aliyofanya kazi kwingine. Bei mara nyingi ni gharama kamili ya pensheni itakayoongezeka, yaani makumi ya maelfu ya dola, na kwa kawaida huwezi kununua miaka ambayo jimbo la zamani bado litakulipia. Wengine huchukua michango yao kutoka mfuko wa zamani ili kupata fedha hizo, na wakishaichukua, haki ya pensheni ya kule imekwisha. Hesabu hiyo ifanywe kwa makini kabla ya kutia saini.

Maprofesa walitatuliwa tatizo hili mapema. Mwaka 1918 taasisi ya tajiri Andrew Carnegie ilianzisha TIAA, mfuko wa pensheni wa walimu wa vyuo, ambako kila mhadhiri ana akaunti yake mwenyewe na anahama nayo kutoka chuo hadi chuo. Hatari za soko ni zake, lakini hakuna mshahara unaoganda.

Hifadhi ya jamii ya taifa, Social Security, nayo humfuata mtu popote, ila watumishi wa majimbo hawakuingizwa ilipoanza mwaka 1935, na hadi leo walimu wengi wa California, Texas, Illinois na Massachusetts wako nje yake. Kwa miaka mingi, aliyechangia Social Security jimbo moja kisha akapata pensheni ya jimbo lisilochangia alikatwa sehemu ya mafao yake ya taifa. Makato hayo yalifutwa kwa sheria iliyosainiwa na Rais Joe Biden tarehe 5 Januari 2025, na wastaafu wakaanza kulipwa tofauti yao kuanzia mafao ya Januari 2024. Mshahara ulioganda jimbo la kwanza, sheria hiyo haikuugusa.