Army–Navy ni mechi gani hasa?

Ukimsikia Mmarekani akitaja "Army–Navy" mwezi wa Desemba, hazungumzii vita wala bajeti ya ulinzi. Anazungumzia mechi moja ya futiboli ya Kimarekani, ile ya mpira wenye umbo la yai na wachezaji wenye kofia ngumu, inayochezwa mara moja kwa mwaka kati ya wanafunzi wa vyuo viwili vya kijeshi. Army ni timu ya chuo cha Jeshi la Nchi Kavu kilichopo West Point, jimbo la New York, kilichoanzishwa 1802. Navy ni ya chuo cha Wanamaji cha Annapolis, Maryland, kilichofunguliwa 1845. Wanaocheza wakihitimu huwa maofisa, na kwa kawaida hulitumikia jeshi miaka isiyopungua mitano. Wachache sana huishia kwenye futiboli ya kulipwa.

Wengi wangeiita mechi hii dabi. Mimi naona neno linaloikaa vizuri zaidi ni utani, ule utani wenyewe wa makabila. Mtani anaruhusiwa kukukejeli hata msibani, na ni yeye huyo huyo anayeshika jembe kuchimba kaburi.

Chukua suala la wanyama. Navy wana beberu anayeitwa Bill (beberu wa zizini, si yule wa hotuba za ukombozi), na Army wana nyumbu, yaani mtoto wa punda na farasi, si wale wanaovuka mto Mara. Makadeti wa West Point wameshaiba beberu zaidi ya mara moja. Mwaka 1991 wanamaji walilipiza kwa kuondoka na nyumbu.

Mechi ya kwanza ilichezwa West Point tarehe 29 Novemba 1890. Navy walikuwa wameuzoea mchezo. Army waliunda timu harakaharaka chini ya kadeti Dennis Michie, wakafungwa 24–0. Michie aliuawa vitani Cuba mwaka 1898, na uwanja wa West Point leo una jina lake. Mwaka 1893 mchezaji wa Navy, Joseph Reeves, alikwisha kuonywa na daktari kwamba pigo jingine la kichwa lingeweza kumuua, basi akamwendea fundi viatu wa Annapolis amshonee kofia ya kujikinga. Ndiyo inayotajwa kuwa kofia ya kwanza katika mchezo huo. Reeves baadaye akawa admirali.

Mechi ya 1893 ilizua ugomvi mkubwa, na inasimuliwa kwamba jenerali mmoja na admirali mmoja nusura wapigane kwa silaha. Timu hizo hazikukutana tena hadi 1899, zilipopelekwa Philadelphia, mji ulio katikati ya vyuo hivyo viwili. Mji huo ndio umeandaa mechi nyingi kuliko mwingine wowote.

Wakati wa Vita vya Pili vya Dunia utani ulionekana waziwazi. Mwaka 1942 mechi ilihamishiwa Annapolis, na kwa sababu ya vikwazo vya safari makadeti wa West Point hawakuruhusiwa kuja. Sasa nani aishangilie Army? Baadhi ya wanafunzi wa Annapolis waliamriwa kukaa upande wa pili na kumshangilia mtani.

Mwaka 1963 mechi iliahirishwa baada ya Rais Kennedy, aliyewahi kuwa ofisa wa Wanamaji, kuuawa. Ilichezwa tarehe 7 Desemba na Navy wakashinda 21–15. Siku hiyo televisheni ilirudia papo hapo bao la Army, jambo ambalo watazamaji hawakuwahi kuliona, ikabidi mtangazaji awaambie kwamba Army hawajafunga tena. Marudio tunayoyadai leo kila refa akipuliza filimbi yalianzia hapo.

Kuna pia kombe linalohusisha timu ya tatu, ya Jeshi la Anga, tangu 1972. Lakini ukiuliza vijana wenyewe wanagombea nini, watakujibu: kuimba wa pili. Mechi ikiisha, timu zote mbili huenda pamoja mbele ya wanafunzi wa chuo kilichoshindwa, wakasimama kwa heshima wimbo wa chuo hicho ukiimbwa. Kisha huvuka uwanja pamoja hadi kwa washindi, nao wakaimba wao. Aliyeshinda ndiye anayemaliza. Mshindi kusimama kimya mbele ya wimbo wa timu aliyoishinda dakika chache tu zilizopita, wakati mwili bado unachemka, ni nidhamu ambayo mimi sijaiona kwenye dabi nyingi.

Navy waliimba wa pili miaka 14 mfululizo, kuanzia 2002 hadi 2015. Maana yake kuna madarasa kadhaa ya West Point yaliyoingia chuoni, yakasoma miaka minne, yakahitimu na kupelekwa kazini, mengine moja kwa moja kwenye vita vya Irak na Afghanistan, bila kuwahi kuimba wa pili hata mara moja. Zamu ya Army ilirudi Desemba 2016, kwa 21–17.