Kuhusuru mji maana yake nini

Kwenye taarifa za habari husemwa mji fulani "umezingirwa". Kiswahili kina neno jingine la jambo hilo hilo, la zamani na lenye ladha ya pwani: husuru. Asili yake ni Kiarabu. Kuhusuru mji au ngome ni kuizunguka kwa jeshi, kuziba njia za kuingilia na kutokea, kisha kukaa. Ukisoma haraka utaliruka hilo neno la mwisho, na kumbe ndilo lenye uzito. Mvamizi anataka kumaliza kazi leo kabla jua halijazama. Anayehusuru amekuja na mahema na vyungu vya kupikia, na yuko tayari kulala hapo msimu mzima.

(Wapo wanaodhani husuru na hasara ni neno moja. Sivyo, herufi zake katika Kiarabu ni tofauti. Ila aliyehusuriwa hasara anaiona.)

Tofauti ya kuvamia na kuhusuru inaonekana vizuri Kalenga, Iringa. Mwaka 1894 Wajerumani walifika kwenye ngome ya Mkwawa, wakaipiga mizinga na kuingia kwa nguvu tarehe 30 Oktoba. Huo ulikuwa uvamizi. Ngome waliipata, Mkwawa hawakumpata. Alitoka akaendelea kuwasumbua porini hadi alipojiua mwaka 1898. Mvamizi huchukua ukuta, na aliye nyuma ya ukuta anaweza kumponyoka. Anayehusuru huanza na watu wenyewe: hafungui mwanya wa mtu kupita, halafu anaiacha njaa ifanye kazi. Ukuta hata uwe mnene namna gani, haupikiki.

Kwa hiyo hesabu ya kuhusuru ni hesabu ya ghala. Ndani kuna midomo mingapi? Nafaka imebaki kiasi gani? Maji yanatoka wapi? Na kuna swali ambalo watu hulisahau: yule wa nje naye anakula nini? Jeshi lililokaa mahali pamoja kwa miezi humaliza chakula cha vijiji vya jirani, huchafua maji yake lenyewe, na huanza kuugua. Mara nyingi aliyezingira ndiye aliyefunga virago kwanza.

Mfano ninaoujali kuliko yote uko Mombasa. Ngome ya Fort Jesus ilianza kujengwa na Wareno mwaka 1593 kwa ramani ya Giovanni Battista Cairati, msanifu wa Kiitaliano. Mtaliani huyu aliijenga kwa zama za baruti. Kila pembe ina buruji, yaani sehemu ya ngome iliyochomoza nje, ili adui akijibanza chini ya ukuta apigwe kutoka ubavuni na walioko kwenye buruji ya pili. Upande wa nchi kavu likachimbwa handaki ndani ya mwamba wa matumbawe. Ndani kuna birika la kukusanyia maji ya mvua. Na upande wa bahari kuna njia iliyochongwa mwambani, yenye matao, inayoshuka hadi majini. Wageni wengi huipita wakipiga picha za mizinga juu ya ukuta. Mimi nadhani hiyo njia ina habari nyingi kuliko mizinga yote, kwa sababu ngome yenye mlango wa baharini haihusuriki kwa jeshi la nchi kavu peke yake.

Waomani walikwisha kuwafukuza Wareno Muscat mwaka 1650. Tarehe 13 Machi 1696 jeshi la Imamu Saif bin Sultan, mtawala wa Oman, likaanza kuihusuru Fort Jesus. Ndani walikuwamo Wareno wachache, kama 50 hivi, pamoja na wenyeji zaidi ya elfu moja waliokimbilia humo au waliokuwa upande wao. Hapo hesabu ya ghala ikaanza vibaya: wapiganaji haba, midomo tele.

Kisiwa kilikuwa mikononi mwa Waomani, na kwa macho ya kawaida ngome ilikuwa imekwisha. Lakini ilichukua miezi 33. Kwa nini? Kwa sababu duara halikufungika upande wa bahari. Vyombo vilipenya. Chakula kilitoka Faza, mji wa kisiwa cha Pate huko kaskazini, na kingine kilitoka kwa Mwana Fatuma, malkia wa Unguja, aliyekuwa na urafiki na Wareno. Urafiki huo ulimponza: baada ya ngome kuanguka Waomani walimchukua wakampeleka uhamishoni Oman, akakaa miaka kadhaa kabla ya kurudishwa Unguja. Anayepeleka gunia la mtama kwenye ngome iliyohusuriwa ameingia vitani, hata kama hajashika upanga.

Halafu kuna upepo. Msaada mkubwa wa Wareno ulitegemewa kutoka Goa, makao yao makuu huko India, na jahazi la Goa haliji Mombasa siku linayotaka. Linakuja na kaskazi. Atakayetoka Msumbiji kupanda kaskazini anangoja kusi. Ndiyo maana merikebu za msaada zilionekana mwishoni mwa Desemba 1696, zikaondoka, na nyingine zisionekane hadi Septemba 1697, zikitokea Msumbiji. Kamanda aliyefungiwa ndani alihesabu magunia akitazama juu bendera inapepea kuelekea wapi.

Katikati ya misafara hiyo miwili yakaingia maradhi. Watu waliojazana nyuma ya ukuta mmoja, chakula kibovu, maji ya birika, joto: mizinga ya Waomani haikuwa na nguvu kama hiyo. Kufikia mwisho wa Agosti 1697 Wareno wote waliokuwamo walikuwa wamekufa. Ngome haikuanguka. Ililindwa majuma kadhaa na Bwana Daud wa Faza, pamoja na jamaa zake wachache na Waafrika wengine ambao wengi wao walikuwa wanawake. Vitabu vingi vya shule huiita hii vita ya Wareno na Waarabu, kisha husonga mbele. Kwa majuma hayo hakukuwa na Mreno hata mmoja juu ya ukuta.

Msafara wa Septemba ulileta watu wapya, lakini ulipoteza merikebu kubwa, Santo António de Tanná, iliyozama chini ya ngome mwezi Oktoba. Wapigambizi wa akiolojia waliichunguza kuanzia mwaka 1977, na vitu vyake vingi viko kwenye makumbusho ya ngome hiyo hiyo.

Mwisho ulikuja usiku wa kuamkia tarehe 13 Desemba 1698. Waliosalia na nguvu ya kusimama walikuwa kamanda na watu wachache tu, idadi isiyotosha kulinda buruji moja, sembuse nne. Waomani wakapanda ukuta na kuingia. Siku chache baadaye merikebu za msaada kutoka Goa zikafika, zikaona bendera iliyokuwa juu, zikageuza.

Kuchelewa kwa namna hiyo kumejirudia mahali pengi. Khartoum ilihusuriwa na jeshi la Mahdi, kiongozi wa dini aliyeasi Sudan, tangu Machi 1884, ikaanguka tarehe 26 Januari 1885. Waingereza waliotumwa kumwokoa Gordon, jenerali Mwingereza aliyekuwa akiulinda mji huo, walifika siku mbili baadaye.

Ili msaada usifike, mtu lazima azibe pande mbili: waliomo wasitoke, na wanaokuja kuwaokoa wasiingie. Aliyelifanya hilo kwa ukamilifu wa kutisha ni Julius Caesar, jemadari wa Kirumi, kule Alesia katika nchi ambayo leo ni Ufaransa, mwaka 52 kabla ya Kristo. Alijenga boma la kuuzunguka mji, kama kilomita 16, likitazama ndani. Kisha akajenga la pili, kubwa zaidi, likitazama nje, na yeye na jeshi lake wakakaa katikati. Waliohusuriwa walipoona chakula kinakwisha waliwatoa nje wanawake, watoto na wazee ili kupunguza midomo. Caesar akakataa kuwapokea. Wakabaki kati ya ukuta na boma.

Baruti ilipokuja ilipunguza urefu wa kusubiri bila kuufuta. Constantinople, Istanbul ya leo, mji uliojivunia kuta zake kwa karne nyingi, ulipigwa na mizinga mikubwa ya Sultan Mehmed wa Pili na kuchukuliwa tarehe 29 Mei 1453, baada ya siku 53. Mehmed aliona bandari imefungwa kwa mnyororo, akaamuru merikebu ziburutwe juu ya nchi kavu na kushushwa majini upande wa pili. Naye alielewa habari ya mlango wa baharini. Baadaye Vauban, mhandisi wa kijeshi wa Kifaransa, aliigeuza kazi hii kuwa kama ufundi wa ujenzi: askari huchimba handaki sambamba na ukuta, wakiwa mbali, kisha vichochoro vya kupindapinda kusogea mbele, kisha handaki jingine, hadi mizinga iwe karibu na ukuta bila watu wengi kuuawa njiani. Alilifanya hilo Maastricht mwaka 1673, ikawa mtindo wa Ulaya nzima.

Na usidhani haya yalikwisha na enzi za ngome. Leningrad, mji wa Urusi ambao leo ni St. Petersburg, ilihusuriwa na Wajerumani kuanzia Septemba 1941 hadi Januari 1944, siku 872, na mamia ya maelfu ya raia walikufa, wengi kwa njaa. Kilichoubakisha mji ni ziwa Ladoga: wakati wa baridi kali malori yalipita juu ya barafu yakibeba unga. Njia ya matao ya Mombasa na barafu ya Ladoga ni kitu kimoja kikifanya kazi moja.

Kisheria, kuzingira jeshi la adui hadi leo si kosa kwa yenyewe. Kilichokatazwa, katika Itifaki ya Kwanza ya mwaka 1977 iliyoongezwa kwenye Mikataba ya Geneva, ni kuwafanya raia wafe njaa kama mbinu ya vita, pamoja na kuharibu mashamba, akiba za chakula na mitambo ya maji wanayotegemea. Ugumu uko wazi kwa yeyote aliyesoma habari za Fort Jesus. Ghala lilikuwa moja, na aliyekula humo alikuwa askari, na mkewe, na mtoto wa jirani aliyekimbilia ndani mlango ulipokuwa unafungwa.

Wareno walirudi Mombasa mwaka 1728 na kuikamata tena ngome yao. Mwaka uliofuata wenyeji wakawahusuru, na safari hii hakuna merikebu ya Goa iliyofika kuwaokoa. Novemba 1729 walisalimu amri, wakaondoka.