Kufukuzwa kazi hakufuti michango

Huku Mufindi, Tanzania, kwenye mashamba ya chai, mjane bado huambiwa: "Mumeo alifukuzwa, hana chake." Si kweli, na inauma, maana wengi hukata tamaa hapo hapo. Michango ya NSSF, yaani mfuko wa hifadhi ya jamii, jumla asilimia 20 ya mshahara ukihesabu na sehemu ya mwajiri, haifutwi na barua ya kufukuzwa. Mwanachama akifariki, wategemezi ndio wanaodai mafao.

Mshahara wa siku alizofanya kazi na malipo ya likizo aliyostahili pia ni deni la mwajiri. Kinachoweza kupotea kwa utovu wa nidhamu ni kiinua mgongo: malipo ya kuachishwa kazi, mshahara wa siku 7 kwa kila mwaka wa kazi, mwisho miaka 10. Watu huchanganya michango na kiinua mgongo. Mama, nenda NSSF na cheti cha kifo.